Nani kasema hazina mwenyewe?

Najua nimepotea. Zamu za usiku zimenibana, na wanaojua maisha ya huku ughaibuni hawataniuliza mara mbili. Leo nimekaa chini niandike kwa sababu kuna maneno yanazunguka kwenye simu za ukoo kuhusu mwanangu na magemu ya kompyuta, na kila anayeyapokea anayatia chumvi kidogo kabla ya kuyapeleka mbele. Nimesemwa hadharani, basi na nijibu hadharani.

Kwa wasiojua: mwezi uliopita shemeji alipiga simu ya video, akamwona kijana yupo mbele ya kompyuta anatembea ndani ya jengo bovu, giza totoro, miili ya watu imetundikwa kwa minyororo, na yeye kashika bunduki. Shemeji akashtuka (simlaumu). Kufikia kesho yake alasiri Tanga nzima inajua kwamba mtoto wetu anafundishwa kuua na baba yake yupo pembeni anakunywa chai. Mjomba akanitumia ujumbe wa sauti wa dakika sita. Mama mkubwa akauliza kama huku hakuna madrasa.

Jamani! Mjomba, shikamoo, na kwa heshima zote, lakini wewe ndiye uliyetupeleka kuangalia Commando kwenye kibanda cha video, tukarudi nyumbani tukachonga bunduki za mbao, tukauana mtaa mzima hadi magharibi. Hakuna hata mmoja aliyekuja kuwa muuaji. Yule aliyekuwa anakufa mara nyingi kuliko wote leo ni mhasibu. Kwa hiyo hilo la bunduki naliweka pembeni. Ndani ya gemu lile kuna jambo baya zaidi, ambalo nyinyi hamkuliona kwa sababu halina damu, na mwanangu halioni kwa sababu kalizoea. Mimi nililiona kwa sababu nimewahi kulifanya.

Tuanze na gemu lenyewe. Linaitwa Fallout 3. Si jipya, lilitoka Oktoba 2008, ila tangu tamthilia ya Fallout ilipoanza kuonyeshwa mwaka 2024 vijana wamerudi kuyafukua yale ya zamani, na yanauzwa bei ya kutupa. Hadithi yake ni kwamba Marekani na China zilipigana mabomu ya nyuklia Oktoba 2077, dunia ikaungua, na wewe unatoka handakini miaka 200 baadaye, mwaka 2277, kumtafuta baba yako. Na handaki hilo lipo wapi? Nje kidogo ya Washington, DC. Yaani hapahapa! Kampuni iliyolitengeneza, Bethesda, ofisi zake zilikuwa Rockville, Maryland, kwenye mstari uleule mwekundu wa treni ya Metro unaopita hapa kwetu Silver Spring. Lilipotoka, matangazo yake yalibandikwa ndani ya kituo cha Metro Center, yakionyesha jiji limegeuka magofu, na kuna abiria waliolalamika.

Kwa hiyo kijana anatembea kwenye magofu ya mji wake mwenyewe. Kituo cha Farragut West, ambacho mimi hushuka nikienda zamu, kwenye gemu kimejaa watu walioharibiwa na mionzi mpaka akili zimewatoka, wanakurukia gizani. Ile dari ya zege yenye vishimo vya mraba, ambayo kila mgeni wa Washington huishangaa, imechorwa ilivyo. Kuna mpaka roboti wa kukagua tiketi! Dunia imekwisha miaka 200 iliyopita, yeye bado anataka tiketi, na kama huna anakushambulia. Wenzangu tunaopanda treni za huku mtaelewa kwa nini nilicheka peke yangu usiku ule.

Maana usiku ule, baada ya ujumbe wa mjomba, niliamua nikae nione mwenyewe. Nilisema dakika tano. Nikaondoka kwenye kochi saa nane usiku, chai imepoa.

Jengo alilokuwamo shemeji alipopiga simu ni shule ya msingi, Springvale, karibu kabisa na lile handaki. Majambazi wameifanya kambi. Walikuwa wanachimba chini kwa chini ili waingie handakini, wakakutana na siafu wakubwa kama mbwa. Ile miili kwenye minyororo ni mapambo yao. Nakubali kabisa kwamba inatisha, na kwamba waliotengeneza wanajua kutisha. Huingii kwenye gofu la namna ile ukiwa umesimama wima. Unainama, unatembea polepole, unasikiliza. Mlangoni kuna uzi umefungwa kwenye bomu. Sakafuni kuna mtego wa chuma. Ukifika sehemu nyingine, kifaa ulichovaa mkononi kinaanza kulia tik-tik-tik, hiyo ni mionzi, toka! Mwanangu alikuwa anahema kweli. Mimi pia.

Halafu nikaanza kutazama anachofanya kati ya hatari moja na nyingine. Dawati, fungua, chukua. Kabati, fungua, chukua. Maiti, pekua, chukua. Hajakaribia hata kusoma anachokiokota. Nikamuuliza, "Unajuaje cha kuchukua?" Akanieleza kwa Kiswahili chake cha kuungaunga, na maelezo yake yalikuwa safi kuliko ya mwalimu: kila kitu kina uzito na kina bei. Pesa ni vizibo vya soda. Mwili wako una kiwango cha kubeba, ukizidisha huwezi kukimbia. Kwa hiyo unachukua chepesi chenye bei kubwa, unaacha kizito chenye bei ndogo. Ndiyo elimu yote.

Usiku uleule aliingia kwenye nyumba moja iliyobomoka, chumbani. Kitandani kulikuwa na mifupa ya watu wawili, wamelala ubavu kwa ubavu. Yaani walisikia ving'ora wakaamua kwenda kulala pamoja. Mimi nilishika mdomo. Kijana alikuwa tayari ameshafungua sanduku lililo chini ya miguu yao.

Nikamwambia, "Hujapiga hodi."

Akacheka. Nikamuuliza kama huo si wizi, na hapo ndipo aliponionyesha jambo ambalo sijalala vizuri tangu nilijue. Gemu lina sheria ya wizi! Ukielekeza macho kwenye kitu cha mtu, maandishi yanakuwa mekundu na yanakuambia kabisa kwamba unaiba. Ukichukua, alama za utu wako zinashuka. Hata kitanda cha mtu huwezi kukilalia. Na ukimpa maji safi yule ombaomba aliye nje ya lango la mji wa Megaton, alama zinapanda. Kwa hiyo si kwamba waliotengeneza hawakufikiria mema na mabaya. Walifikiria sana. Kisha wakaamua kwamba pale chumbani, mbele ya wale wawili, maandishi yasiwe mekundu.

"Hazina mwenyewe, baba," akasema.

Nani kasema hazina mwenyewe? Mwenyewe si huyo hapo kalala?

Sasa hapa niwaeleze kitu ambacho sijawahi kuwaeleza. Mnakumbuka mwaka 2009 niliwaambia nipo kwenye kampuni ya usafi. Sikudanganya, ila sikumaliza maneno. Lehman Brothers ilianguka Septemba 2008, wiki chache kabla ya gemu hili kutoka, na huku Maryland nyumba za watu zilianza kuchukuliwa na mabenki kama embe zinavyodondoka kwenye upepo. Kaunti ya Prince George's ndiyo iliyoumia zaidi, na hiyo ni kaunti ya weusi wenzetu waliojikamua wakapanda, wenye kazi zao za serikali na magari yao uani. Walipewa mikopo ambayo riba yake inaanza chini halafu inapaa. Ikipaa, hulipi. Usipolipa, nyumba si yako. Mtu anaondoka na alichoweza kubeba usiku mmoja, na benki inakodi watu wa kuja kusafisha. Watu hao ni sisi. Wabeba boksi.

Tulikuwa wanne na lori. Unavunja kufuli, unapiga picha kila chumba, unatoa kila kitu, unapiga picha tena chumba kikiwa kitupu, bosi anazipeleka ili alipwe. Siku ya kwanza tuliingia kimya. Kulikuwa na kalenda kwenye friji, mtu ameandika siku ya kumpeleka mtoto kwa daktari wa meno. Kwenye fremu ya mlango kulikuwa na mistari ya penseli ya kupima urefu wa watoto, kila mwaka mstari, mpaka mwaka wa jana yake. Nilisimama pale. Bosi akatuambia kauli ambayo alikuwa anairudia kila nyumba: fanyeni haraka, hapa hakuna mwenyewe.

Wiki ya pili sikusimama tena popote. Niliingia na kuangalia. Dampo linatoza kwa uzito, kwa hiyo vizito vilikuwa hasara na vyepesi vyenye bei viliingia kwenye magari yetu. Blenda, pasi, mashuka mapya, simu za mezani. Nilikuwa naijua sheria ya gemu la mwanangu kabla hata hajaanza shule.

Na mnaijua na nyinyi. Lile kontena tulilochanga mwaka 2010, mlivyofungua maboksi mkapiga vigelegele, bi mkubwa akasema mwanangu hajasahau nyumbani... vile vitu havikutoka dukani. Baadhi vilitoka. Vingi havikutoka.

Nitasimulia nyumba moja tu, kisha niendelee na hoja yangu. Tulikuwa tunamalizia kupakia. Mama mmoja, wa makamo, alikuja akasimama kwenye njia ya miguu, hakuingia uani. Akaniita mimi, sijui kwa nini mimi, akaniuliza kwa adabu kabisa kama nimeona boksi la picha lililokuwa chini ya ngazi. Hakuomba televisheni, hakuomba makochi. Boksi la picha. Nililitupa mimi asubuhi ile kwa mikono yangu, kwa sababu picha hazina bei na zina uzito. Lilikuwa limeshaenda dampo kwenye safari ya kwanza. Nikamwambia, "Sijui, mama. Sijaliona." Akashukuru, akaondoka.

Kwa hiyo mkinitumia ujumbe wa dakika sita kuhusu bunduki, mnanisamehe nisipousikiliza mpaka mwisho.

Mwanangu ana utetezi wake, na sitaki kumdhulumu, kwa hiyo nauweka hapa. Anasema bila ile mifupa kitandani nisingejua kwamba kulikuwa na watu, kwamba waliotengeneza waliiweka makusudi ili nihisi nilichohisi, na kwamba kwenye njaa na vita mtu hana nafasi ya hodi. Hoja yake ya kwanza ina ukweli, nampa. Ile ya njaa pia naikubali, lakini nusu. Mwalimu wetu wa chuoni alitufundisha kwamba dharura huhalalisha kilichokatazwa, kwa kiasi cha dharura yenyewe. Una njaa, chukua kopo la chakula kwa maiti, chukua dawa, chukua hata viatu. Nani atakulaumu? Lakini kijana wangu alitoka kwenye ile nyumba na vijiko na sigara za kwenda kuuza, mfuko umejaa, afya yake ni kamili, na vizibo mia kadhaa. Dharura gani hiyo? Na kitu cha kuokota njiani tu, tulifundishwa, hutangazwa mwaka mzima kabla hujakiita chako. Mwaka mzima!

Halafu mtazame walivyo wajanja. Ndani ya gemu kuna mzee anaitwa Abraham Washington, anaishi kwenye mji ndani ya meli mbovu, ana jumba lake la kumbukumbu. Anakulipa ukaingie kwenye gofu la Hifadhi ya Taifa ya Nyaraka, lenye hatari kupita shule ile, umletee Azimio la Uhuru wa Marekani la mwaka 1776. Kumbe wanajua! Wanajua kwamba karatasi ya zamani inaweza kuwa na mwenyewe hata kama wenyewe wamekufa wote. Lakini ni karatasi ya taifa tu. Hakuna mtu hata mmoja kwenye mji ule wa meli anayekutuma ukamletee boksi la picha la mama yake.

Na mazishi je? Miaka 200, ndugu zangu. Watu wanaishi, wanauza, wanaoana, wana redio na mtangazaji wake, na hakuna aliyeingia nyumba ya pili kumtoa jirani kitandani akamfukie. Sisi kwetu hata mwili wa mtu asiyejulikana ukitupwa na bahari ufukweni, wavuvi wanauzika. Kwenye gemu unaweza kumkokota maiti kwa kitufe, ukambwaga kwenye ngazi ukacheka, lakini kitufe cha kumzika hakipo. Nikasema labda hawana koleo. Kijana akanijibu kwamba lipo, kwenye gemu lililofuata, New Vegas, la mwaka 2010, ambalo lilitengenezwa na kampuni nyingine. Nikafurahi! Nikamuuliza linafanya kazi gani. Akasita kidogo. Ukiwa na koleo, akasema, unaweza kufukua makaburi ukachukua vilivyomo.

Nilinyanyuka nikaenda kuchemsha chai nyingine.

Najua mtakachosema: gemu ni gemu tu, na wewe uliyafanya yako bila gemu. Ndiyo. Ndiyo hasa ninachokisema! Waliokaa Rockville wakaandika ile sheria ya maandishi mekundu hawakuitoa mbinguni, na bosi wangu hakuitoa kwenye gemu. Wote wameikuta hapahapa chini, ambapo kitu kinahesabika kuwa cha mtu pale tu mtu anapoweza kukuzuia usikichukue. Ila tofauti ipo. Bosi wangu alijua anasema uongo, ndiyo maana alikuwa anairudia ile kauli kila nyumba. Gemu halirudii. Limeandika ndani kabisa, kimya, na mtoto anajifunza bila kusikia neno.

Na nyinyi mliobaki nyumbani msijipanguse midomo haraka. Ni nani kati yetu hajaona marehemu hajaanuliwa tanga na friji imeshapanda kwenye bajaji? Mjane bado yupo eda, shemeji zake wanapima kabati kwa macho. Hapo pia kuna mtu anasema hazina mwenyewe, mwenyewe kafa, na mwenyewe mwingine amekaa chumbani kwenye mkeka anasikia. Mnajua naisema nyumba gani. Sitaitaja.

Kijana sijamkataza gemu. Mjomba, hilo ulipokee hivyohivyo. Tulichokubaliana ni kwamba akikuta mifupa kwenye gofu haigusi nyumba ile, anafunga mlango anatoka. Analalamika kwamba gemu limekuwa gumu maradufu, risasi zinamwishia, na juzi alikufa mara tatu kwenye duka moja kwa sababu ya kukosa dawa. Nikamwambia pole. Hata hivyo anafanya, na jana nilimsikia akisema "hodi" peke yake chumbani, kwa utani au vipi, sijui.

Sasa dada, hili ni lako. Ile saa ya ukutani iliyopo sebuleni juu ya kochi, ya mbao, yenye kioo kilichopasuka pembeni, ilitoka nyumba ya yule mama wa boksi la picha. Nilipoifunga kwenye blanketi mwaka 2010 niliona nyuma yake imebandikwa karatasi yenye majina mawili na tarehe, nadhani ya harusi, nikaigeuza haraka nisiyasome. Naomba uishushe polepole, usibandue ile karatasi, uipige picha unitumie kwenye simu. Kijana anasema jina kamili na kaunti vinatosha kuanza kumtafuta mtu huku. Na saa yenyewe ifungeni vizuri muiweke kabatini, kuna mtu anakuja Desemba, ataibeba.